Tukijenge Chuo Kikuu cha Wakati?

Tuseme kipo chuo kikuu kinachosomesha jambo moja tu: wakati. Hakina kitivo cha sheria wala cha biashara. Mwanafizikia yupo hapo kwa ajili ya saa ya atomu, mwanabiolojia kwa ajili ya saa iliyomo ndani ya chembehai za miili yetu, mwanahistoria kwa ajili ya kalenda, mwanaisimu kwa ajili ya njeo za vitenzi, na wote wanakula sahani moja. Chuo hicho hakipo popote duniani. Nimekijenga kichwani mwangu mara nyingi, na kila ninapokaribia kukiezeka napata sababu ya kukibomoa.

Hoja ya kukijenga naanza nayo Makunduchi, kusini mwa Unguja. Mwaka wa wazee wa huko, ule unaofunguliwa kwa sherehe za Mwaka Kogwa, una siku 365. Umegawanywa katika miongo 36, kila mwongo siku 10, na zinabaki siku 5 za ziada. Hauna mwaka mrefu wa siku 366. Kwa hiyo kila miaka 4 hesabu yake inaachana na jua kwa siku moja, na katika miaka 100 kwa siku 24 au 25. Ndiyo maana Siku ya Mwaka, ambayo siku hizi huwa Julai, miaka 100 iliyopita ilikuwa Agosti. Manahodha wa Bahari ya Hindi walihesabu siku tangu Nairuzi, yaani siku ya kwanza ya mwaka, ili kujua lini kusi, upepo wa kutoka kusini, itawaruhusu kutweka tanga na lini itawafungia bandarini. Ahmad ibn Majid, baharia wa Oman wa karne ya 15, alitumia hesabu ya namna hiyo hiyo.

Sasa twende Ufaransa. Tangu 1967 sekunde haipimwi tena kwa mwendo wa dunia. Inapimwa kwa mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho wa atomu ya seziamu. Dunia haizunguki kwa usawa kama atomu hiyo, basi kati ya 1972 na mwisho wa 2016 iliongezwa sekunde moja mara 27 ili saa na jua visiachane. Nyongeza hizo zikawasumbua wenye kompyuta na setilaiti. Novemba 2022, Mkutano Mkuu wa Vipimo na Mizani uliokaa Versailles uliamua kwamba kufikia 2035 saa iruhusiwe kuachana na jua zaidi ya sekunde moja, bila kurekebishwa mara kwa mara.

Nilipoyaweka mambo haya mawili pamoja nilishtuka. Wazee wa Makunduchi na wataalamu wa Versailles wamekabili swali lile lile, hesabu ifuate jua au ifuate usawa wake yenyewe, na wamejibu mamoja: ifuate usawa wake. Wazee wa Unguja wameishi na jibu hilo kwa vizazi. Wanajua mwaka unavyosogea na namna mtu anavyolima na kuvua huku kalenda ikihama polepole chini ya miguu yake. Ujuzi huo ungekuwa na maana kwa watu wa Versailles, lakini hakuna chumba ambamo pande hizi mbili zingekutana. Idara ya fizikia haimwiti mvuvi, na idara ya utamaduni haimwiti mpima sekunde. Hii ndiyo hoja yenye nguvu kuliko zote ninazozijua za kuwa na chuo kama hiki.

Upande wa pili nao una haki. Ujuzi wa wakati hauishi peke yake, unaishi ndani ya kazi. Mvuvi anajua bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, na maji mafu, yanapojaa na kupwa kidogo, kwa sababu dema lake, mtego wake wa samaki, liko majini. Mfundishe kijana bamvua darasani miaka 3, mpe shahada, na bado hutampa jicho la kutazama mwezi na kusema kesho maji yatakupwa saa ngapi. Nahofia pia kwamba chuo kikishachukua jina la wakati, vyuo vingine vitaona vimetuliwa mzigo. Mwanafunzi wa kilimo atafundishwa mbolea, na habari ya miongo ataambiwa akaiulize kwingine. Isitoshe, ushirika wa wasomi wa fani mbalimbali kuhusu wakati upo tangu 1966, ulianzishwa na J. T. Fraser, na wanachama wake hukutana kila baada ya miaka 3. Hawakuhitaji majengo.

Hata hivyo naona hasara ya kukosa chumba cha pamoja katika mjadala mmoja unaotuhusu sisi wenyewe. Mwaka 1969 John Mbiti, mwanafalsafa wa dini kutoka Kenya, aliandika kwamba katika fikra za jadi za Kiafrika wakati ni sasa na zamani, na kwamba mustakabali wa mbali karibu haupo. Maneno hayo mawili aliyachukua kwenye Kiswahili, lakini ushahidi wake wa lugha aliutoa kwenye Kikamba na Kigikuyu. Mwanafalsafa Mghana Kwame Gyekye alimpinga kwa ushahidi wa Kiakan, lugha ya kwao Ghana. Wengi wetu hukimbilia kumjibu Mbiti kwa mtondo na mtondogoo, tukijisifu kwamba Kiswahili kina majina ya siku 4 zijazo. Jibu hilo ni dhaifu, kwa sababu Mbiti mwenyewe alikubali mustakabali wa karibu, hata wa miezi mingi. Jibu lenye uzito liko shambani. Mnazi mrefu wa pwani huchukua miaka 6 au zaidi kabla ya kuzaa, na mzee anayeupanda mara nyingi anampandia mjukuu. Mwanafalsafa angelipata jibu hilo mapema kama angeketi na mkulima.

Basi mizani yangu inaelemea upande wa kujenga, kwa sharti moja: chuo kisitoe shahada ya wakati. Aje mtu aliyekwisha kuwa fundi, tabibu, mwadhini au nahodha, akae mwaka mmoja na wenzake wa kazi nyingine, kisha arudi alikotoka. Mvuvi asiletwe darasani. Darasa ndilo limfuate ufukweni, na ratiba ifuate maji, maana kila siku kupwa huchelewa kwa dakika kama 50 kuliko jana. Somo la Jumatatu saa mbili asubuhi, kufika Ijumaa litakuwa saa tano na dakika 20. Mwanafizikia atakayekubali ratiba hiyo ndiye ningetaka awe mwalimu wa kwanza kuajiriwa.