Hertha Thiele hakuishiwa kipaji

Ukiuliza habari za waigizaji wa kike wa Ujerumani kabla ya Vita vya Pili vya Dunia, utatajiwa Marlene Dietrich na mazungumzo yataishia hapo. Mimi namsemea Hertha Thiele. Orodha ya filamu zake ni fupi, na wapo wanaoiona wakadhani kipaji chake kilikauka mapema. Sikubaliani nao hata kidogo.

Alizaliwa Leipzig mwaka 1908, akaanzia jukwaani hukohuko. Mwaka 1931 akaigiza Manuela katika filamu ya Mädchen in Uniform, msichana aliyefiwa na mama yake, anayempenda mwalimu wake kupita kiasi. Waigizaji wote ni wanawake. Hata mwongozaji ni mwanamke, Leontine Sagan, ambaye sehemu kubwa ya maisha yake ilipita Afrika Kusini. Dorothea Wieck, aliyeigiza mwalimu, naye ni wa 1908; amemzidi Thiele miezi minne tu! Lakini tazama usiku bwenini, mwalimu anapopita kitanda hadi kitanda akiwabusu wasichana kwenye paji la uso. Zamu ya Manuela ikifika, anamkumbatia shingoni kwa nguvu zote, na utaapa kwamba huyu ni mtoto wa miaka 14.

Mwaka uliofuata akawa Anni katika filamu ya Kuhle Wampe, iliyoandikwa na mwandishi wa tamthilia Bertolt Brecht pamoja na Ernst Ottwalt. Kaka yake Anni, kijana aliyechoka kutafuta kazi, anavua saa ya mkononi, anaiweka pembeni isiharibike, kisha anajirusha dirishani. Familia inatimuliwa kwa deni la kodi ya nyumba na kuhamia kambi ya mahema nje ya Berlin. Kabla ya hapo, Anni ndiye anayehangaika ofisi baada ya ofisi kuwaombea wasitolewe, na Thiele anamwigiza bila kuomba huruma ya mtazamaji. Wakaguzi wa serikali waliipiga filamu hiyo marufuku, kisha wakairuhusu baada ya baadhi ya vipande kuondolewa.

Halafu wakaja Wanazi. Thiele alikataa kuwaigizia propaganda yao. Mwaka 1936 akafutwa uanachama wa chama cha wasanii, na bila uanachama huo hakuna aliyeruhusiwa kumpa kazi. Mwaka 1937 akakimbilia Uswisi, akakaa miaka bila jukwaa. Baadaye alifanya kazi ya kuhudumia wagonjwa wa akili. Aliporudi kuigiza kwenye televisheni ya Ujerumani Mashariki, ujana wake wote ulikuwa umeshapita.

Wapo wenzake waliobaki, wakaendelea kuigiza filamu moja baada ya nyingine chini ya Goebbels, waziri wa propaganda wa Wanazi, na leo wanaitwa nyota kwa sababu orodha zao ni ndefu. Hesabu hiyo inaniudhi. Anayetaka kumpima Thiele asihesabu filamu. Atazame karamu ya uchumba ya Anni, wageni wakilewa na kugombania chupa, na yeye akiamua kumwacha mchumba na kuondoka zake.