Dume la mbwa mwitu na uanaume wa mtandaoni

Video za kufundisha uanaume zinafanana mno. Kijana kifua wazi, muziki mzito, sauti ya kukaripia: amka alfajiri, nyanyua vyuma, usimbembeleze mwanamke, usilie. Wanaume, anadai, ni wa aina mbili: madume wanaoongoza kundi na mabwege wanaofuata.

Mgawanyo huo umeazimwa kwa mbwa mwitu, na umeazimwa vibaya. Mwaka 1947 mtafiti wa wanyama Rudolf Schenkel aliandika kuhusu mbwa mwitu waliofungiwa pamoja, wakagombea ukubwa. Mtafiti mwenzake, L. David Mech, aliieneza dhana hiyo ya dume kiongozi katika kitabu chake cha 1970, halafu mwaka 1999 akaikosoa mwenyewe: porini, kundi kwa kawaida ni baba, mama na watoto wao. Huyo dume kiongozi ni mzazi tu. (Anayetaka kumuiga kweli, na alee wanawe.)

Lakini wanaozibeza video hizi nao wanaruka jambo. Kijana aliyeachwa na mpenzi, hana kazi, hana mkubwa wa kumuuliza, akiambiwa afanye mazoezi, aache ponografia na alale mapema, amepewa ushauri wa maana, tena na mtu anayemwona ana uwezo. Upande wa pili mara nyingi anakuta kejeli: wanaume wote ni walewale. Andrew Tate, mmoja wa walimu maarufu wa uanaume huu wa mtandaoni, alipofungiwa akaunti zake Facebook, Instagram, TikTok na YouTube Agosti 2022, mashabiki waliendelea kusambaza vipande vya video zake. Mwenye kiu hakuwa ameonyeshwa kisima kingine.

Ninapoachana na walimu hawa ni kwenye biashara yao. Ushauri wa bure ni chambo. Nyuma yake mara nyingi ipo kozi ya kulipia, na haiuziki mpaka kijana aendelee kuhofu kwamba uanaume wake haujatimia.

Hofu hiyo huonekana zaidi kwenye ujinsia. Marafiki wawili wa kiume wakiweka picha wamekumbatiana, haichukui muda mtu anaandika: "Hawa vipi?" na vikatuni vya kucheka. Shati la waridi, machozi msibani, kumpikia mke, vyote hugeuzwa ushahidi wa ushoga. Shoga mwenyewe ndiye anayeumia zaidi, maana jina lake limefanywa tusi. Ila hata rijali mwenye mke na watoto anajichunga: yule aliyejitangaza dume lisiloogopa mtu anaifuta picha ya rafiki yake kwa sababu ya kikatuni kilichotumwa na asiyemjua.