Mhariri wa katuni naye ni mhariri

Mhariri wa filamu za katuni huulizwa swali moja karibu kila anapotaja kazi yake: kama kila shoti, yaani kila kipande cha picha, huchorwa kwa makusudi, wewe unakata nini? Huulizwa hata na watu wa filamu wenyewe, na kwa sababu wengi hawasubiri jibu, wahariri hodari wanafungiwa milango. Mtu amekaa miaka minne akiijenga filamu ya katuni tangu michoro ya kwanza, akiomba kazi kwenye tamthilia ya waigizaji halisi anaambiwa hana uzoefu. Mimi naona hilo ni kosa, tena linaigharimu sanaa yenyewe.

Upande wa waigizaji halisi unafahamika zaidi. Mhariri anapokea picha zilizokwisha kupigwa, nyingi kupita kiasi, na kazi yake ni kuchagua. Walter Murch na wenzake walipohariri Apocalypse Now walikuwa na takriban saa 230 za picha, na filamu iliyotoka mwaka 1979 ina urefu wa saa mbili na nusu hivi. Katika teki kumi, yaani mara kumi ambazo sentensi ileile imerekodiwa, ni ipi ambayo uso wa mwigizaji unasema kweli? Huo ni ustadi mkubwa na siupunguzii heshima hata kidogo. Lakini una mpaka wake: kisichopigwa hakipo, isipokuwa prodyuza akubali kuwarudisha watu mbele ya kamera.

Kwenye katuni hakuna kitu. Mhariri anaanza na michoro ya penseli isiyotembea, sauti za muda zilizorekodiwa na wafanyakazi wa studio, na muziki wa kuazima. Yeye ndiye anayeamua mchoro huu ukae sekunde ngapi, mhusika anyamaze muda gani kabla ya kujibu, mlango ufunguke kabla ya mlio au baada yake. Kutokana na hayo inapatikana animatiki, yaani filamu nzima katika umbo la michoro, na watu wanaketi kuitazama kama filamu. Ikichosha, inabomolewa na kujengwa upya, mara nyingi kuliko wengi wanavyodhani. Yote haya hufanyika mapema kwa sababu ya gharama: mchoraji anaweza kumaliza wiki nzima akizipa uhai sekunde chache tu, kwa hiyo hakuna anayetaka kuzitupa sekunde hizo baadaye. Basi ukataji mkubwa unafanyika kabla picha hazijazaliwa. Sasa mtu anayefanya hivyo utasemaje hahariri?

Mfano mzuri ni filamu ya katuni Toy Story. Mwezi Novemba 1993, studio ya Pixar iliwaonyesha wakubwa wa kampuni ya Disney sehemu ya filamu hiyo ikiwa bado katika hatua ya michoro. Woody, mwanasesere ambaye ni mhusika mkuu, alikuwa mkorofi, mwenye maneno ya kuumiza, na hakuna aliyempenda. Kazi ikasimamishwa, hadithi ikaandikwa upya, michoro ikapangwa upya. Lee Unkrich, aliyekuwa akihariri vipindi vya televisheni vya waigizaji halisi, alijiunga na Pixar mwaka 1994 na akawa mmoja wa wahariri wa filamu hiyo. Baadaye aliongoza Toy Story 3 na Coco. Sishangai kwamba alifika huko, maana mhariri wa katuni anaishi ndani ya hadithi muda mrefu kuliko karibu mtu yeyote mwingine katika studio.

Halafu kuna mazungumzo. Hapa ndipo ninapotamani kila mwenye kudharau kazi hii akae siku moja pembeni ya mhariri. Waigizaji wa sauti mara nyingi hurekodiwa kila mmoja peke yake, siku tofauti, pengine miji tofauti. Ugomvi unaousikia kati ya ndugu wawili haukuwahi kutokea. Mhariri ameutengeneza: neno kutoka teki moja, pumzi kutoka nyingine, na kimya kati yao ambacho amekipima kwa fremu, yaani picha moja moja za filamu, 24 kwa kila sekunde. Kwenye filamu ya kawaida waigizaji wawili hukuletea kimya chao wenyewe, wewe ukakilinda au ukakifupisha. Kwenye katuni hata kimya lazima ukiweke.

Mhariri Arthur Schmidt alizifanya kazi zote mbili kwa wakati mmoja katika Who Framed Roger Rabbit ya mwaka 1988, filamu inayochanganya waigizaji halisi na katuni. Ilimbidi akate matukio ambayo mwigizaji Bob Hoskins anazungumza na hewa tupu, akimwachia nafasi na muda sungura ambaye bado hajachorwa. Alipata Oscar kwa kazi hiyo, kisha nyingine kwa Forrest Gump. Lakini filamu iliyo katuni tupu haijawahi hata kuteuliwa kwenye tuzo hiyo ya uhariri, iliyoanza kutolewa mwaka 1935. Miaka yote hiyo, hata moja! Chama cha American Cinema Editors angalau kina tuzo maalumu kwa wahariri wa katuni. Na Maryann Brandon, mmoja wa wahariri wa How to Train Your Dragon ya mwaka 2010, alihariri pia Star Wars ya mwaka 2015 pamoja na Mary Jo Markey, wakateuliwa kwa Oscar. Mikono ni ileile.

Nakubali kuna mambo ya kujifunza mhariri anapovuka kutoka upande mmoja kwenda mwingine. Kasi ya televisheni, ambako kipindi kinasubiriwa wiki ijayo, humshtua aliyezoea miaka ya animatiki. Anayetoka upande wa pili naye huvunjika moyo akiona tukio alilolipenda limefutwa kabla halijatiwa hata rangi. Yote mawili huzoeleka kazini.

Kwa hiyo wanaoajiri wasiishie kuuliza filamu ilikuwa ya aina gani. Wamwombe mhariri awaonyeshe tukio moja katika hatua zake zote, kuanzia michoro na sauti za muda hadi lilivyotoka, aeleze kila alichoondoa na kwa nini. Na mhariri wa katuni atunze matoleo yake ya zamani, kwa ruhusa ya studio, kwa sababu ndani ya kazi iliyokamilika maamuzi yake hayaonekani kabisa.