Mkulima wa viazi wa Ayalandi hakuwa mvivu

Kila ikizungumzwa njaa kuu ya Ayalandi, ile iliyoanza 1845 ikaua watu kama milioni moja na kufukuza wengine milioni moja kuvuka bahari, lazima atokee wa kusema wale watu walijiponza wenyewe kwa uvivu wao. Walizaana sana, wakagawana mashamba mpaka hayagawanyiki tena, wakategemea zao moja, na zao lilipougua hawakuwa na akiba ya kitu kingine. Sio hoja ya kipuuzi hiyo. Ila inaruka swali ambalo kwangu ndo kubwa kuliko yote, kwamba mtu mwenye akili zake alime viazi tu mwaka hadi mwaka kwa nini?

Wanaolaumu wana mambo ya kweli, tuyataje. Sensa ya 1841 ilikuta watu milioni 8.2, na kwenye mashamba yaliyozidi eka moja karibu nusu hayakuvuka eka tano. Kiazi cha maskini kilikuwa Lumper, kiazi cha majimaji kisicho na utamu wa maana lakini kinazaa sana hata kwenye udongo uliochoka, na kwa kuwa mbegu ya kiazi ni kiazi chenyewe, eneo kubwa la nchi lilikuwa na mmea mmoja uleule, ukipatwa mmoja wamepatwa wote. Na onyo lilishakuja, maana baridi ya 1740 iliozesha viazi ardhini watu wakafa kwa wingi, na 1822 magharibi waliona njaa tena. Anayesema mfumo ulikuwa wa hatari mimi sibishani naye.

Nabishana naye akitoka kwenye hatari akaingia kwenye uvivu. Charles Trevelyan, ofisa wa hazina ya Uingereza, iliyokuwa ikiitawala Ayalandi, aliyeshika fedha za msaada, aliandika mwaka 1848 kwamba mla viazi kazi yake ni wiki chache tu kwa mwaka, halafu akaiona njaa ile kuwa ni mpango wa Mungu wa kuirekebisha jamii. Huyu ndo alikuwa anaamua nani apate unga.

Hebu tuliangalie shamba lenyewe. Mkulima wa Mayo au Connemara, magharibi mwa nchi, alikuwa na kipande cha mlima, udongo kiganja kimoja juu ya mwamba, mvua haikatiki. Plau haipiti pale. Anashuka pwani na tenga mgongoni anabeba mwani uliolowa, anaupandisha mlimani, anautandaza kwenye nyasi kwa mstari na samadi kama anayo, anapanga vipande vya mbegu juu yake, halafu kwa sepetu nyembamba ya kukanyagia mguu anakata ardhi pande zote mbili na kuipindua ifunike mbegu. Nyasi zinaozea humohumo ndani zinakuwa mbolea, tuta linainuka juu ya maji, mfereji katikati unatoa mvua, na udongo ulioinuka unapata joto haraka. Msimu unavyoenda anarudi kuchimba mfereji na kuongezea udongo juu. Matuta hayo yanaonekana mpaka leo kwenye miteremko ya magharibi, juu kabisa ambako hakuna anayelima tena. Mtu aende akapande ule mteremko na tenga la mwani ndo arudi atuambie habari za uvivu.

Na chakula chenyewe hakikuwa kibaya. Mwanaume wa kazi alikula kilo tano hadi sita za viazi kwa siku, pamoja na maziwa yaliyobaki baada ya kutoa siagi, na eka moja iliweza kulisha familia. Vijana wa Kiairishi walioandikishwa jeshini walikuwa warefu kuliko wenzao wa Kiingereza.

Sasa kwa nini viazi tu? Kwa sababu vingine vyote vilikuwa vya kodi ya shamba, ile anayolipwa kabaila mwenye ardhi. Shayiri inauzwa kulipa kodi, siagi inauzwa kulipa kodi, nguruwe anafugwa ili auzwe kodi ilipwe, na viazi ndo kinachobaki cha kula kwa sababu hakuna zao lingine linaloshibisha watu wengi kwenye kipande kidogo hivyo. Kibarua asiye na shamba alipewa kijumba na kipande kidogo cha kulima akalipa kwa siku za kazi kwa mkulima mkubwa, au alikodi kipande kwa msimu mmoja tu. Wengi hawakuwa na mkataba wowote, kabaila akiamka vibaya unaondoka. Ukitoboa mifereji, ukitoa mawe, ukijenga zizi, thamani inapanda na kodi inapanda nayo, na ukifukuzwa hulipwi chochote, isipokuwa Ulster kaskazini ambako kulikuwa na desturi ya mpangaji anayeondoka kulipwa jasho lake. Kwa masharti hayo kutowekeza ndo ilikuwa akili.

Ugonjwa ulipofika Septemba 1845, hii bakajani chelewa ambayo wakulima wa Njombe na Nyandarua wanaijua vizuri, hakuna aliyekuwa na dawa. Dawa ya shaba na chokaa ilikuja kupatikana Ufaransa miaka ya 1880. Ubelgiji na Uholanzi nao viazi vilioza, watu walikufa lakini sio kwa kiwango hicho. Ayalandi 1846 karibu mavuno yote yalipotea, na 1847 ugonjwa ulipopungua kumbe mbegu zilishaliwa, waliopanda walikuwa wachache.

Hapo ndo inakuja sheria ya robo eka, na mimi hii sheria siwezi kuipita haraka. Mwaka 1847 mbunge William Gregory aliingiza kifungu kwamba mwenye zaidi ya robo eka hapati msaada wa serikali mpaka aiachie ardhi. Robo eka ni kama mita 32 kwa 32. Yaani baba ana eka tatu ambazo hazijatoa kitu, watoto wanavimba, anaambiwa saini utoke ndo mpewe uji. Akisaini, mara nyingi nyumba inabomolewa ili asirudi, kwa hiyo amekula wiki hii na mwaka kesho hana pa kupanda. Akikataa anakufa na shamba lake. Wengi walikataa. Na kumbuka kabaila ndiye aliyelipia ushuru wa kuwatunza maskini kwa niaba ya wapangaji wenye vipande vya thamani ya chini ya pauni nne, kwa hiyo kila mpangaji mdogo akiondoka, yeye anapumua. Kifungu kikapita bungeni kwa kura 117 dhidi ya 7. Ukishasoma hapo sijui unawezaje kusema walikufa kwa sababu ya kiazi.

Ni kweli serikali ilitoa fedha, kama pauni milioni 8 na sehemu yake ilikuwa mkopo, na makabaila wengine walifilisika wenyewe wakijaribu kusaidia. Lakini serikali hiyohiyo mwaka 1833 iliahidi pauni milioni 20 kuwafidia wenye watumwa utumwa ulipokomeshwa. Fedha zilikuwepo.

Halafu linganisha na 1879. Viazi viliharibika tena, Mayo ileile, mashamba madogo yaleyale. Safari hii misaada ikaja mapema na watu wakajipanga, Michael Davitt ambaye familia yake ilitimuliwa akiwa mtoto akaanzisha Land League, umoja wa wapangaji wa mashamba, wakakataa kodi za kunyonga, na vifo vikawa vichache mno. Sheria za kuwawezesha wapangaji kununua ardhi zikafuata, kubwa zaidi ile ya 1903. Mwaka 1870 wakulima kama asilimia 3 tu ndo walimiliki walicholima, 1929 walikuwa kama asilimia 97.

Hoja ya upande wa pili inayonibakia nzito ni hii, kwamba hata baada ya kumiliki, mashamba madogo ya magharibi yaliendelea kupoteza watu, miaka ya 1950 vijana walimiminika Uingereza kwa malaki. Hilo nalikubali. Lakini hilo ni swali la bei ya ng'ombe, ajira, na ndugu yupi anarithi shamba, na uvivu hauingii popote hapo.