Hajijui, Hajitambui

Mtu mkikaa siku nyingi bila kuonana, unamwambia "umepotea sana", naye anacheka: "Nipo." Maya Deren ana filamu fupi juu ya mwanamke ambaye jibu hilo lingemshinda.

Meshes of the Afternoon ni ya dakika 14. Aliitengeneza mwaka 1943 na mumewe, Alexander Hammid, nyumbani kwao Los Angeles, na mwanamke huyo akamwigiza yeye mwenyewe. Anarudi nyumbani, ufunguo unamponyoka na kudundadunda ngazini. Ndani kuna kisu kwenye mkate. Anakaa kitini karibu na dirisha, usingizi unampitia. Mara anachungulia nje na kujiona yeye yule akija njiani. Anaingia. Anakuja mwingine. Na wa tatu.

Wengi wanaojaribu filamu za namna hii, wakitaka kuonyesha mtu aliyepotewa na nafsi yake, hutia picha ukungu na kuiyumbisha kamera kama dau kwenye kusi. Hapo naona kamera iliyolewa, mtu simwoni. Kwa Deren ni mchana kweupe. Wale watatu wanaketi mezani kama ndugu wanaogawana urithi, wanashika ufunguo kwa zamu. Wa tatu kiganja chake ni cheusi, na ufunguo ukiwa mkononi mwake unageuka kisu. Lakini hakuna anayeshangaa kwamba wenzake wana uso wake! Hilo ndilo lililonikosesha raha.

Kisha yule mwenye kisu anainuka kumwendea aliyelala. Ni hatua chache tu za sebuleni, ila mguu mmoja unakanyaga mchanga wa ufukweni, mwingine majani, mwingine zulia. Sijaona picha nyingine inayoonyesha vizuri hivi jinsi mtu anavyoweza kuwa mbali na nafsi yake.

(Deren mwenyewe alizaliwa Kiev mwaka 1917 akiitwa Eleanora. Jina la Maya alilichukua miaka hiyohiyo ya filamu hii.)

Mwisho, ambapo mwanamume anamkuta amekufa kitini, sikuupenda. Kifo ni jibu rahisi mno.

Nakala nyingi zina muziki wa Teiji Ito, uliotiwa mwaka 1959. Ni mzuri, ila unakuelekeza uogope wapi. Filamu ilizaliwa bubu, kwa hiyo zima sauti. Mimi niliitazama hivyo usiku, nikabaki nasikia friji ikinguruma, na mtu akipanda ngazi za jengo letu, akitafuta ufunguo.