Nilivyofika Kamanga Kabla Sijaondoka Mwanza

Kosa ni langu, maana Moshi wa Juzi niliutunga mwenyewe. Ilikuwa jioni kwenye kijiwe cha kahawa, Kirumba, umeme umekatika, hakuna mpira wa kuangalia. Nikawaambia kwamba huko katikati ya ziwa kuna moshi usio wa moto. Ukiupitia, unatokea juzi. Kuna mvuvi aliingia humo na mtumbwi mtupu, akatoka na sato waliokwisha kukaangwa, akaanza kuhangaika kutafuta nyavu za kuwavulia. Humo ndani unapiga chafya kwanza, pilipili inafuata. Deni unalipwa kabla hujakopesha. Hapo wote wakanyamaza, kila mtu na hesabu zake. Muuza kahawa akauliza taratibu, "Huo moshi uko upande gani?"

Wiki iliyofuata simu yangu ikatumbukia majini pale mwaloni, nimeinama nachambua dagaa. Nikarudisha laini, nikaazima simu ya mpwa wangu anayeendesha lori kwenda Kigali. Ikumbukeni simu hiyo.

Jumamosi kulikuwa na kikao cha mahari ya shemeji yangu, Sengerema, saa nne asubuhi. Mama watoto alishatangulia tangu Alhamisi. Mimi niliachiwa kazi mbili: kubeba kitenge cha mama mkwe, na kusimama mlangoni kuwakaribisha wageni. "Na usichelewe kama ulivyochelewa harusi yetu," akasema. Siku hizi wengi wanapita Daraja la Kigongo–Busisi, kilomita 3 za lami juu ya maji tangu 2025, na ningepita huko nisingekuwa na cha kusimulia. Ila mimi napenda kivuko cha Kamanga. Unakaa, unakula karanga, unavushwa.

Kilipong'oa nanga, saa ya ukutani kituoni ilikuwa saa mbili kamili. Niliiangalia kwa macho yangu haya. Tukaliacha Jiwe la Bismarck nyuma, na mbele yetu, juu ya maji, nikaona moshi. Mnene, mweusi, umesimama kama nguzo.

Sasa, mtu yeyote aliyekulia huku anajua ni nini kile. Ni wadudu wa ziwani, wanaibuka majini kwa mamilioni na kupaa pamoja, wakikukuta wanaingia puani na masikioni. Mimi pia najua. Lakini ukishautunga uongo ukanoga, wa kwanza kunasa ni wewe. Tukapita pembeni ya ule moshi, nikameza kama watatu hivi, nikasema moyoni: haya, twende juzi.

Nikashuka Kamanga, nikatazama simu. Saa moja na dakika 31.

Nikaitikisa. Saa moja na dakika 32. Nimeondoka saa mbili, nimefika saa moja na nusu! Kabla sijakaa sawa, simu ikaita. Mama mkwe. "Baba, ahsante kwa kitenge. Nimeshakivaa, hii rangi ya machungwa imenikaa kweli." Nikafungua begi. Kitenge cha rangi ya machungwa kimo, kimekunjwa, na karatasi ya bei juu yake. Nikamwambia, "Karibu, mama," maana ungejibu nini?

Nikapiga hesabu. Kama sasa ni saa moja na nusu, basi mimi wa saa mbili bado niko Mwanza, nanunua karanga. Nikivuka nitanikuta hapa. Nikaona ni adabu nijisubiri. Nikakaa kwenye jiwe karibu na gati, vivuko vikaja na kurudi, nikikagua kila anayeshuka. Kijana mmoja wa pale akanifuata.

"Shikamoo mzee. Unamsubiri nani?"

"Marahaba. Kuna mtu atashuka."

"Yukoje?"

"Amevaa hivi hivi."

Akanitazama kuanzia kofia hadi viatu. "Ndugu yako?"

"Wa karibu sana."

Akaenda kuwaita wenzake. Tulikuwa watano tukinisubiri, mama watoto alipopiga.

"Uko wapi wewe?"

"Kamanga."

"Tangu saa ngapi?"

"Tangu kabla sijaondoka."

Kimya. Kisha: "Baba watoto, ni saa tano kasoro robo. Wageni wameshaingia, mlangoni kasimama mjomba."

"Saa nne kasoro robo," nikamrekebisha.

"Hiyo simu si ya yule wa Kigali?"

Rwanda wako nyuma yetu kwa saa moja. Mpwa aliirudisha nyuma saa ya simu kwa mkono asichanganyikiwe akiwa huko, na hakuigusa tena. Na kitenge? Mama watoto alinunua viwili vya rangi moja, kimoja akaenda nacho mwenyewe Alhamisi. "Hicho chako nilikuachia ili na wewe ujione umetumwa."

Nilifika Sengerema wageni wakivaa viatu. Kwa kuwa neno nilikuwa nimelifanyia mazoezi njia nzima, nilisimama mlangoni nikawaambia, "Karibuni sana, jisikieni nyumbani." Mshenga akanipa pole.

Kule kijiweni habari ilinitangulia, nadhani kwa kivuko. Muuza kahawa akanyosha mkono. "Lete hela ya kahawa ya kesho. Kwa mwendo wako, ushainywa." Watu wakacheka, nami nikalipa ili yaishe. Kesho yake nikaketi, nikasubiri kikombe. Nikasubiri. Mwishowe nikauliza.

"Wewe?" akasema. "Si uliinywa juzi?"