Nyuso zile si za mbao

Jumamosi iliyopita tulikuwa watano sebuleni kwa rafiki yangu, na filamu nilipeleka mimi: Kuolleet lehdet ya mwongozaji wa Finland Aki Kaurismäki, ya mwaka 2023. Tukafika pale Ansa, mfanyakazi wa supamaketi mjini Helsinki, anapokwenda kununua sahani moja, uma mmoja na kisu kimoja. Amealika mtu chakula cha jioni, na nyumbani kwake kila chombo ni cha mtu mmoja. Mwenyeji wetu akachukua rimoti. "Hawa mbona hawaigizi? Sura kavu kama mbao!" Akaweka mpira.

Wiki nzima sasa, hasira haijanitoka.

Wanaigiza, tena sana. Tumezoea kwamba mtu akiumia lazima agaregare chini, apige yowe, na muziki ulie pamoja naye. Lakini ni nani kati yetu alifukuzwa kazi akagaragara mbele ya bosi? Unameza mate, unavua sare, unahesabu nauli iliyobaki mfukoni. Ansa anafukuzwa kwa sababu mlinzi amemkuta na chakula kilichopita muda, chakula cha kutupwa, ndani ya mkoba wake. Halii. Anaondoka. Baadaye tunamkuta akiosha vyombo kwenye baa, na hapo pia hadumu.

Kaurismäki anayajua maisha hayo. Alizaliwa Orimattila mwaka 1957, na kabla ya sinema kumlisha alisambaza barua na kuosha vyombo. Tangu Varjoja paratiisissa ya 1986, mapenzi ya dereva wa gari la taka na keshia, hajawapa mgongo watu wa aina hiyo, na filamu zake karibu zote huziandika mwenyewe.

Itazameni Tulitikkutehtaan tyttö, ya 1990. Inaanza na gogo. Linamenywa na mashine mpaka linakuwa utepe mwembamba wa mbao, utepe unakatwa njiti, njiti zinaingia kwenye vikasha, na hakuna aliyesema neno. Ndipo inakuja mikono ya Iris, ikikagua vibandiko kwenye paketi. Safari ya kiberiti unaijua kabla hujamjua binti anayekipitisha mikononi mwake siku nzima. Mnataka alie ili muamini kwamba amechoka?

Iris ni Kati Outinen. Mwanamke huyo, mwenye uso huohuo mnaouita mbao, aliondoka kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2002 na tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwa filamu ya Mies vailla menneisyyttä, na filamu yenyewe ikapata Grand Prix, tuzo ya pili kwa ukubwa pale. Ilipoteuliwa kuwania Oscar, Kaurismäki hakwenda kwenye sherehe, kwa kupinga vita vya Iraq. Miezi michache nyuma alikuwa amekataa kwenda tamasha la New York kwa sababu mwongozaji mwenzake, Abbas Kiarostami wa Iran, alinyimwa viza. Le Havre ya 2011, yenye yule mtoto kutoka Gabon anayefichwa na mpiga viatu rangi, imetoka moyoni uleule.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba anajirudia. Sigara na pombe ni nyingi mno, na vichekesho vyake vya bendi ya Leningrad Cowboys havijawahi kunikaa.

Lakini kuna Kauas pilvet karkaavat. Matti Pellonpää, mwigizaji wake wa miaka yote, alifariki 1995, na filamu ikatoka mwaka uliofuata. Ndani yake Outinen, akiigiza mama, anasimama mbele ya picha ya mtoto wake aliyefariki. Yule mtoto pichani ni Pellonpää, alipokuwa mdogo. Hakuna aliyetangaza msiba, hakuna hotuba. Mtu na picha tu. Mimi siwezi kuitazama sehemu ile bila koo kunikaba, na sitakubali mtu aniambie kwamba hapo hakuna hisia.

Jumamosi ile nilirudi nyumbani nikaimalizia filamu peke yangu. Mgeni anafika, wanakula, halafu wanakosana kwa sababu ya pombe yake. Akishaondoka, Ansa anaichukua ile sahani mpya na kuitia kwenye pipa la taka. Uso wake haujakunjamana hata kidogo. Nilisimamisha filamu hapo, nikakaa muda mrefu kabla ya kuiendeleza.